Ukitutajia Kornelio, tutajie na Marinus

Kuna maneno ambayo kijana yeyote aliyekaa kambini zaidi ya mwaka mmoja ameshayasikia. Yanasemwa kwa sauti ya chini, karibu na bomba la maji au nyuma ya kanisa ibada ikiisha, na anayeyasema hajitambulishi kwamba anatafuta watu. Anasema: “Hata kwenye Biblia askari wapo. Akida Kornelio alikuwa askari na Roho Mtakatifu akamshukia. Petro hakumwambia aache jeshi, si ndiyo?” Halafu ananyamaza kidogo, akuache ufikirie. Baada ya hapo ndipo inakuja habari ya kijiji chenu kilichochomwa, ng'ombe walioibiwa, simu mpya, na dola kidogo za kuanzia safari.

Sisi tunaoandika hapa ni vijana wakimbizi. Wengi wetu ni Wakongo. Baadhi tuko kambini Muyinga, wengine tunahangaika na masomo na vibarua huku Gitega. Wengi ni Wakristo wa makanisa tofauti tofauti, na Waislamu wapo pia katika kundi letu, tena ndio walioanza kuuliza maswali magumu kuhusu huyo Kornelio. Basi tukaamua kusoma. Tumesoma habari za Wakristo waliokuwa ndani ya jeshi la Roma katika miaka 300 ya kwanza, na tunataka kusema wazi tulichokiona. Anayekutajia Kornelio hasemi uongo. Anakupa nusu ya hadithi tu, ju ile nusu nyingine inamharibia kazi.

Nusu yake tunamkubalia. Ni kweli, Matendo sura ya 10 inamtaja akida wa kikosi cha Kiitalia, pale Kaisaria, aliyebatizwa na Petro na nyumba yake yote. Luka hakuandika kwamba aliacha jeshi, wala hakuandika kwamba alibaki. Amenyamaza tu. Ni kweli pia kwamba askari walimwendea Yohana Mbatizaji wakamuuliza wafanye nini, naye hakuwafukuza. Aliwaambia wasimnyang'anye mtu, wasimsingizie mtu, na waridhike na mshahara wao. (Hebu chukueni kanuni hiyo ya Yohana muipime kwenye vizuizi vya barabarani kule Kivu, tuone kwa siku moja watabaki askari wangapi.)

Baada ya hapo kunakuwa kimya. Zaidi ya miaka 100 inapita bila habari ya kueleweka kuhusu Wakristo jeshini. Habari inarudi karibu mwaka 172, wakati kaisari Marcus Aurelius alipokuwa anapigana ng'ambo ya mto Danube. Jeshi lake lilizingirwa, likashikwa na kiu, halafu mvua kubwa ikanyesha na maadui wakatawanyika. Wakristo walisema mvua ile ilikuja kwa maombi ya wenzao waliokuwa kwenye lejioni ya 12. Wengine wakasema ni mganga kutoka Misri. Kwenye nguzo ya kaisari huyo, ambayo mpaka leo imesimama mjini Roma, mvua imechongwa kama mungu mwenye mabawa ya maji. Mvua moja, kila dini ikaidai. Ndugu zetu mliokaa karibu na Mai-Mai mnajua habari za namna hiyo zinavyozaliwa, maana jina lenyewe limetoka kwenye maji.

Basi Wakristo walikuwepo jeshini, na hatubishi. Mwaka 2005, ndani ya uwanja wa gereza la Megiddo huko Israeli, ilichimbuliwa sakafu ya jumba la sala la Wakristo la karibu mwaka 230. Maandishi kwenye sakafu hiyo yanasema kwamba akida mmoja, Gaianus, alilipia kazi ya mapambo kwa fedha yake mwenyewe. Kambi ya lejioni ya 6 ilikuwa jirani kabisa. Akida Mkristo, mwenye pesa, analipia sakafu ya kanisa, na hakuna aliyemrudishia pesa zake.

Hapo sasa mwandikishaji angefurahi. Lakini tuendelee.

Kuna kanuni za kale za Kanisa, zile ambazo watu wengi wamezihusisha na Hippolytus wa Roma, zinazoeleza nani apokelewe kwenye mafundisho ya ubatizo na nani akataliwe. Zinapitia kazi moja moja: mchonga sanamu, mwigizaji, mwalimu, mpiganaji wa uwanjani. Zikifika kwa askari zinasema mambo ambayo hatujawahi kuyasikia katika mahubiri yoyote hapa. Askari wa kawaida akija kutaka ubatizo, afundishwe kwamba asiue, hata akiamriwa, na asile kiapo. Akikataa masharti hayo, aondoke. Na yule ambaye tayari yuko kwenye mafundisho kisha anataka kwenda kujiandikisha jeshini, akataliwe, kwa sababu amemdharau Mungu.

Soma tena hilo la mwisho. Aliyeokoka akiwa askari wanaongea naye. Anayetoka kanisani kwenda kutafuta bunduki hawana maneno naye. Na wale wanaotuongelesha kwenye bomba la maji wanatutaka sisi, wa kundi hili la pili.

Kuhusu kiapo kuna jambo linalotakiwa kujulikana. Askari wa Roma alipoingia jeshini alikula kiapo cha kumtii kaisari, na kwa Kilatini kiapo hicho kiliitwa sacramentum. Neno hilohilo ndilo Wakristo wa Afrika Kaskazini walilichukua kuita ubatizo na ekaristi, na ndilo limefika kwetu kama sakramenti. Kila Mkatoliki hapa analitamka. Kwa hiyo watu wale walielewa bila kuelezwa sana: una kiapo kimoja tayari, huwezi kuongeza kingine juu yake. Tertullian wa Karthago, mtu mkali sana na msemaji hodari, aliligonga jambo hilo tena na tena.

Huyo Tertullian ndiye aliyeandika kisa cha askari mmoja, karibu mwaka 211. Makaisari walikuwa wanagawa zawadi ya fedha kwa jeshi. Askari wote walipita mbele wamevaa taji la majani kichwani kama ilivyo desturi. Mmoja akapita ameshika taji mkononi, kichwa kitupu. Wakamuuliza sababu, akasema ni Mkristo. Akavuliwa silaha, akatupwa gerezani. Kinachotugusa sisi ni wenzake. Ndani ya jeshi lile kulikuwa na Wakristo wengine, wamevaa mataji yao na wamepokea pesa zao, na kuna Wakristo waliomlalamikia yule mfungwa. Kwa nini analeta matatizo kwa kitu kidogo hivi? Ana haraka gani ya kufa? Sasa tutasumbuliwa wote ju yake!

Sisi tunayajua maneno hayo. Kijana akikataa kutoa mchango wa “wapiganaji wa kwetu” kambini, wanaomgombeza kwanza ni wale anaokaa nao kwenye benchi moja la kanisa.

Turudi sasa Kaisaria, mji uleule wa Kornelio. Ni karibu mwaka 260, zaidi ya miaka 200 baada ya Petro kuingia nyumba ya yule akida. Kuna askari anaitwa Marinus, mtu wa ukoo mzuri na mwenye mali, na zamu yake ya kupandishwa cheo imefika. Cheo chenyewe ni kilekile cha Kornelio, uakida. Wakati anataka kukabidhiwa, mwenzake aliyekuwa anakitamani cheo anasimama na kusema: huyu hafai kisheria, ni Mkristo, hawatolei makaisari sadaka. Kumbe siku zote walikuwa wanajua! Walimwacha mpaka cheo kilipotajwa. Hakimu anamuuliza, Marinus anakubali kwamba ni Mkristo, na anapewa saa 3 za kufikiri.

Anatoka nje. Askofu wa mji, Theotecnus, anamfuata, anamshika mkono, anaongea naye njiani, na kumwingiza kanisani mpaka mbele kabisa. Anafungua joho la Marinus kidogo, anamwonyesha upanga uliofungwa kiunoni. Kisha analeta kitabu cha Injili, anakiweka mbele yake, na kumwambia achague. Marinus ananyoosha mkono wa kuume, anakishika kitabu. Saa zikaisha, akaitwa, akasimama kwenye jibu lake, akakatwa kichwa. Aliyeandika habari hii ni Eusebius, ambaye baadaye alikuwa askofu wa mji huohuo.

Tumekaa sana na kisa hiki, na tulichoshindwa kukiacha ni yule askofu. Alilifungua joho. Hakusema “hayo ni mambo yako na kamanda wako”. Hakumwombea ulinzi akamrudisha kazini. Upanga uliokuwa umefunikwa aliufunua ndani ya kanisa, karibu na altare, halafu akamtaka mtu mzima achague mwenyewe. Wachungaji wetu, tunawaheshimu, mmetuzika na kutuombea na kutulisha. Lakini tunawauliza kwa adabu: ni lini mara ya mwisho mmoja wenu alifungua joho la kijana namna hiyo? Tumeona mengine. Tumeona sadaka ikipokelewa kutoka mkono ambao kila mtu anajua umetoka porini. Tumeona kijana akiombewa “safari njema” na kanisa zima likisema amina, na safari yenyewe inajulikana ni ipi.

Wa mwisho tunayetaka kumtaja kutoka Roma alikuwa na umri wetu. Maximilian, wa Tebessa, mji ulio Algeria ya leo. Tarehe 12 Machi 295 aliletwa mbele ya liwali Dion ili aandikishwe. Kumbukumbu za kesi yake zimehifadhiwa na zinasomeka kama vile karani alikuwa anaandika palepale. Wanampima urefu: futi 5 na inchi 10 kwa kipimo cha Kirumi. Anafaa. Liwali anaagiza avishwe shingoni alama ya kuruta, kipande cha madini ya risasi. Anakataa, anasema tayari ana alama nyingine. Liwali anajaribu kumsaidia, na hoja anayoitumia ndiyo ileile ya kwenye bomba la maji: kwenye ulinzi wa makaisari wenyewe kuna askari Wakristo, nao wanatumikia. Kijana anajibu kwamba hao wanajua linalowafaa wao, yeye ni Mkristo na hawezi kutenda uovu. Hakuwahukumu, na hakukubali wawe kibali chake.

Alikuwa na miaka 21, miezi 3 na siku 18. Waliihesabu mpaka siku. Baba yake, Fabius Victor, alikuwepo pale, na yeye mwenyewe alikuwa na kazi inayohusiana na uandikishaji wa makuruta. Alikuwa ameshamshonea mtoto nguo mpya za jeshi. Kabla ya kuuawa, Maximilian alimwomba baba yake zile nguo mpya ampe yule askari wa kumkata kichwa.

Hatutaki kudanganya mtu. Kwa kila Maximilian walikuwepo askari Wakristo wengi waliotumikia mpaka wakazeeka, wakapata shamba lao la pensheni, wakafa kitandani. Na wataalamu wanabishana mpaka leo: Wakristo wale waliogopa zaidi damu au zaidi sanamu? Wengine walikataa sadaka tu, kupigana hakukuwasumbua. Sawa. Hata tukikubali hilo, bado kitu kimoja kinabaki. Katika miaka hiyo 300 jina la askari Mkristo lilikumbukwa na kuombewa kwa sababu ya siku aliyosema hapana. Hawakumwita mtakatifu kwa idadi ya watu aliowaua.

Kisha mambo yakageuka. Mwaka 312 Constantine alishinda vita karibu na Roma akiwa na alama ya Kristo. Mwaka 314 mtaguso wa Arles uliweka kanuni dhidi ya wanaotupa silaha wakati wa amani. Mwaka 416 sheria ya kaisari Theodosius wa pili ikakataza wapagani kuingia jeshini. Ni miaka 121 tu tangu Maximilian auawe kwa kukataa kuingia, na sasa asiyekuwa Mkristo ndiye haruhusiwi.

Msifikiri hayo ni ya Wazungu wa zamani. Buganda ilifanya safari hiyohiyo kwa miaka 6.

Mashahidi wa Uganda tunawajua kwenye picha, vijana waliochomwa Namugongo tarehe 3 Juni 1886. Tunachosahau ni kwamba baadhi yao walikuwa watu wa silaha na wa boma. Bruno Sserunkuuma na Pontian Ngondwe walikuwa katika walinzi wa Kabaka. Andrew Kaggwa, aliyeuawa Munyonyo tarehe 26 Mei, alikuwa mkuu wa wapiga ngoma wa Kabaka Mwanga, mtu wa kwenda naye vitani. Hawakupigana. Wakatoliki na Waanglikana walikufa katika moto mmoja.

Lakini mwaka 1888 Wakristo wenzao waliobaki, pamoja na Waislamu, walichukua bunduki wakamwondoa Mwanga. Wakagombana na Waislamu, wakafukuzwa, wakarudi kwa vita. Na tarehe 24 Januari 1892, pale Mengo, Wakatoliki na Waprotestanti wa Buganda walipigana wao kwa wao, Kapteni Lugard akiwasaidia Waprotestanti kwa bunduki ya Maxim. Watu wa moto mmoja wa 1886. Wengi waliopigana siku ile walikuwa wamewajua wale mashahidi kwa sura, wamekula nao. Kuwa na mashahidi hakukuwazuia kitu. Ndiyo maana hatuamini kwamba kusimulia tu habari za watakatifu kutamzuia kijana yeyote.

Na hapa tulipo? Kuna jina ambalo kila anayeishi Gitega analijua: Bugendana. Tarehe 20 Julai 1996 waasi waliishambulia kambi ya watu waliokimbia vita, wengi wao Watutsi, wakaua zaidi ya 300, akina mama na watoto wakiwa wengi. Ilikuwa kambi, ndugu zetu, kama hizi zetu. Kwenye mazishi Rais Ntibantunganya alipigwa mawe, na siku mbili baadaye jeshi likamweka Buyoya madarakani. Askofu mkuu wa Gitega, Joachim Ruhuna, alilaani mauaji yale hadharani. Tarehe 9 Septemba mwaka huohuo aliviziwa barabarani akauawa. Na tarehe kama hiyo, 9 Septemba 2002, Itaba, mkoa huohuo wa Gitega, jeshi la serikali liliua raia zaidi ya 170, Wahutu. Tunazitaja zote mbili makusudi. Anayekumbuka moja tu ana kazi anataka kuifanya nayo.

Hii ni nchi ambayo watu wengi wamebatizwa. Haiwezekani kwamba waliobeba silaha miaka ile, upande wa waasi na upande wa jeshi, walitoka wote kwa wachache wasiobatizwa. Swali letu: wakati wanaondoka kwenda porini au kambi ya jeshi, nani aliwauliza kama Theotecnus alivyomuuliza Marinus?

Gatumba inatugusa zaidi. Usiku wa tarehe 13 Agosti 2004 wakimbizi wa Kongo zaidi ya 150, wengi Wanyamulenge, waliuawa kwenye kambi ya muda pale mpakani. Kundi la Palipehutu-FNL lilisema ndilo lililoshambulia. Hilo lilikuwa kundi la wapiganaji wanaojulikana kwa kusali. Walionusurika walieleza kwamba washambuliaji walikuja na ngoma, wanaimba nyimbo za kanisa. Basi mtu akikuambia “sisi ni kundi linalomwogopa Mungu, tunaomba asubuhi na jioni”, usimwone mwongo. Huenda wanaomba kweli. Wa Gatumba nao waliomba.

Ila hadithi ya Burundi ina upande mwingine pia. Buta, mkoani Bururi, tarehe 30 Aprili 1997, waasi waliingia bweni la seminari ndogo wakaamuru wanafunzi wajitenge, Wahutu huku, Watutsi kule. Wakakataa. Waliuawa 40. Kanisa la Burundi mwaka 2019 lilifungua rasmi mchakato wa kuwatangaza wenye heri. Hawakuwa askari, walikuwa wanafunzi, lakini walifika mahali palepale alipofika Marinus, na bila kupewa saa 3.

Sasa tunaongea na nyinyi wa mashirika, ju mnatusoma. Mnatuita kwenye mafunzo kuhusu hatari ya kuingizwa kwenye makundi yenye silaha. Tunakuja, tunakaa, soda tunakunywa. Mnatuambia kambi lazima ibaki ya raia, na mkataba wa Afrika wa 1969 unamkataza mkimbizi kufanya uasi dhidi ya nchi nyingine. Ni kweli yote, na mambo haya si ya kubuni: mwaka 2015 ripoti zilisema wakimbizi wa Burundi waliandikishwa ndani ya kambi ya Mahama huko Rwanda, serikali ya Rwanda ikakanusha. Na tangu Goma ilipoanguka Januari 2025, kisha Bukavu Februari, wanaotuongelesha wamekuwa na maneno mengi zaidi, na hasira yetu wanaikuta iko tayari.

Lakini mmoja wetu akiinua mkono na kusema “mchungaji wangu anasema vita hii ni ya Mungu”, anayeongoza mafunzo anasema: mambo ya dini tuyaweke pembeni. Basi yanabaki pembeni. Na pembeni ndipo yule jamaa wa bomba la maji anakaa. Yeye haogopi kuongea dini. Anaongea dini saa nzima, halafu bunduki dakika 5. Hatuwaombi muwe wahubiri. Tunaomba ukumbi Jumamosi mchana, wachungaji, mapadri na mashehe waalikwe, na swali liulizwe mbele yao bila kukatwa: kijana wako akiambiwa aue, umemfundisha kujibu nini? Waislamu wenzetu wamesema wao wako tayari, na maimamu wao watakuja.

Na kuna wale waliokwisha kwenda wakarudi. Wako kati yetu, kila kartie inawajua. Wengine wanafichwa kama aibu ya familia, wengine wanapigiwa makofi kama mashujaa, na hata mmoja hatujaona akikaliwa chini na kusikilizwa na watu wa Mungu. Basil wa Kaisaria, ile Kaisaria nyingine iliyo Uturuki, aliishi baada ya Constantine, wakati jeshi la Roma lilikuwa limeshakuwa la Wakristo. Aliandika kwamba aliyeua vitani asihesabiwe sawa na mwuaji, lakini huenda ni vizuri akae miaka 3 bila kushiriki ekaristi, kwa sababu mikono yake si safi. Hakumfukuza kanisani wala hakumwimbia. Alimwekea muda, na mahali pa kusubiri. Kuna vijana wetu hapa ambao wangeipokea miaka 3 hiyo kwa furaha, kama kungekuwa na mtu wa kuwapa. Wachungaji wetu watuambie wao wanaweka mingapi.